Upande wa Pili wa Kaseti

4 Februari 1996

Mama Mdogo wangu,

Shikamoo. Natumaini mgongo umekuachia walau unakaa kitini bila kuguna. Mimi mwili hauna neno, ila roho usiniulize. Mpe Babu shikamoo yangu, na mwambie fremu ya miwani yake nimempatia fundi, itakuja na kifurushi kijacho. Kaka naye mwambie aache kuniita "bi sinema" mbele ya wateja wake wa vitanda, maana nasikia habari zote huku niliko. Wifi msalimie, na mwanawe.

Haya, nikwambie. Mtayarishaji wetu ameniita ofisini kwake. Huyu ndiye nikikuandikia namwita Mzee Makofi, kwa kuwa hakuna filamu inayotoka mikononi mwake bila makofi kumi. Si kwamba natia chumvi. Anaisoma skripti na kalamu mkononi, kila kofi anapiga mstari pembeni ya ukurasa, mwishoni anahesabu. Yakipungua anarudisha. Na akimaliza kuhesabu anachokonoa sikio kwa kifuniko cha kalamu ile ile, anakinusa, anakirudisha kwenye kalamu. Halafu anakukabidhi kalamu utie saini. Yaani, Mama Mdogo, kuna siku nimetia saini kwa penseli ya nyusi.

Sasa amesema filamu ijayo nitaiongoza mimi. Mimi! Niligeuka nikidhani anazungumza na mtu aliye nyuma yangu. Unajua nilikotoka. Mwaka wa kwanza ni kuchemsha chai na kuchambua nywele za mawigi. Mwaka wa pili nikapewa kibao, kile kinachogongwa mbele ya kamera kabla ya kila kipande. Halafu nikawa mkumbushaji, najikunja nyuma ya kochi nawanong'oneza waigizaji maneno waliyoshindwa kukariri, na yule bwana mnene kila akisahau ananikanyaga vidole kama vile mimi ndiye kichwa chake. Kisha kuandika. Filamu tisa, na zote tisa umezipiga chapa wewe, kwa hiyo sina haja ya kukueleza uchafu wake. Miaka kumi na mmoja nimeingoja nafasi hii.

Ila ametoa sharti. Nilete kisa changu mwenyewe, "cha kweli kabisa," anasema, mwanamke apigwe, watu wacheke kwanza ndipo walie. Nimemwambia nitafikiri. Bado sijapata kisa.

Ndani ya kifurushi kuna kaseti mbili za skripti mpya, ile ya nesi na daktari wa uongo. Nimezisema kama kawaida yangu, sauti zote mwenyewe, maana nikishika kalamu nakauka. Makofi ni kumi na mawili. Usinigombe, tayari nimejigomba.

Mwanao,
Chiriku


27 Februari 1996

Chiriku,

Marahaba. Huku hatujambo. Babu yako anauliza miwani kila siku kama vile nimeikalia mimi. Kaka yako ametengeneza kitanda kikubwa, kizuri sana, kisha akagundua hakipiti mlangoni mwa karakana. Wamebomoa mlango. Mteja alisimama pale akiangalia na mikono kiunoni, wifi yako akacheka mpaka akaambiwa aingie ndani. Mgongo wangu ni ule ule.

Kurasa ni sabini na nne, nakala moja ya kaboni ninayo mimi. Kwenye ukurasa wa thelathini ulikohoa, nikaandika "anakohoa." Kama si mhusika aliyekohoa, futa mwenyewe. Unajua kanuni yangu. Miaka ishirini na sita nilikaa mahakamani nikipiga chapa mwenendo wa kesi, na neno likishasemwa linapigwa, liwe zuri, liwe la kipumbavu. Kuchagua si kazi ya mpiga chapa.

Lakini kama msomaji nitasema. Mtu aliyepigwa hasemi sentensi ndefu. Huyu nesi wako kapigwa kofi, akatoa hotuba ya nusu ukurasa. Nimesikiliza wake waliopigwa kwa miaka, Chiriku, wote walijibu "ndiyo," "hapana," "sikumbuki."

Jingine. Fundi cherehani wa hapa jirani amenunua video, akaniita nije kuona kazi ya mwanangu. Nikaenda kwa heshima yako. Sebule imejaa, watoto wamekaa sakafuni. Nilihesabu makofi kumi na manne, na kila likilia sebule nzima inapasuka kwa kicheko. Mke wa fundi mwenyewe, ambaye wiki mbili kabla alikuja kwangu kuomba barafu ya kuweka shavuni, alicheka mpaka akashika mbavu. Mumewe anamtazama anavyocheka, anafurahi. Nilitoka kabla haijaisha nikasema mgongo. Nilipofika nyumbani nilinawa mikono kwa sabuni mara mbili, na sijui kwa nini mikono. Ilinitia kinyaa, basi.

Nafasi uliyopewa ni nzuri na umeihangaikia, nami nimefurahi. Ila umesema unatafuta kisa cha kweli. Kuna jambo tuliahidiana ukiwa na miaka minane, na siku unaondoka hapa na sanduku lako uliniapia tena bila mimi kukuomba. Silitaji. Unalijua. Lisije huko.

Mama yako Mdogo


9 Aprili 1996

Mama Mdogo,

Shikamoo tena, na samahani kwa kuchelewa. Nilikuwa na homa, halafu ofisi ikahama chumba, halafu mambo yakawa mambo. Miwani ya Babu hiyo hapo ndani ya soksi. Nimeucheka sana mlango wa Kaka, mwambie safari nyingine atengeneze kitanda nje.

Usiwe na wasiwasi. Kisa nimekipata. Ni cha mwanamke mmoja mpishi wa shule, huwezi kumjua. Skripti hiyo sitakusumbua nayo kwa sababu ofisi sasa ina mpiga chapa wake, binti mmoja mwenye kucha ndefu, anapiga kwa vidole viwili na anatafuna ubani huku akipiga. Utamcheka ukimwona. Wewe nakuletea kaseti moja tu, ile ya dereva wa teksi mwenye wake wawili. Kaseti mpya zimetuishia, tunarekodi juu ya za zamani, kwa hiyo sauti ikikwaruza nivumilie.

Jina langu limeandikwa kwenye ubao wa ratiba, mstari wa juu kabisa. Nimepita mbele yake leo mara nne nikijifanya natafuta choo.

Mengine ni yale yale. Tunafanyia kazi kwenye ghala lililokuwa la magodoro, na bado lina ile harufu, joto na jasho la watu usiowajua. Wigi ni moja kwa waigizaji watatu. Jana mmoja aliivua, mwenzake akaivaa ikiwa bado imelowa, nikaona mwili unanisisimka. Damu yetu ni rangi na sukari, nzi wanatua juu ya maiti wakati kamera inatembea, na maiti anapiga chafya. Mzee Makofi anakuja kuwafundisha akina dada namna ya kuanguka. Anawashika kiuno muda mrefu kuliko anguko lenyewe. Wote tunaangalia ukutani. Nami pia naangalia ukutani, sitaki kujifanya.

Lakini nikishaongoza yangu mambo yatakuwa mengine. Ngoja uone.

Msalimie Kaka. Nitaandika tukianza kupiga picha.

Chiriku


30 Aprili 1996

Chiriku,

Marahaba. Babu amevaa miwani, sasa anasoma hata maandishi ya kiberiti kwa sauti. Kaka yako ana kikohozi. Mvua imeharibu uzio.

Kurasa ni sitini na moja. Upande wa kwanza ni dereva wa teksi na wakeze. Upande wa pili hukuniambia kama una kitu, lakini ulikuwa nacho, na ulikuwa kwenye kaseti uliyonituma nipige. Nimepiga ulivyo. Ni kurasa nne za mwisho. Hapa naweka ya mwisho kabisa endapo hizo nyingine zitapotea njiani.

SAUTI YA MWANAMKE: ...basi mumewe akamtaka atoe ukurasa mmoja kwenye faili. Ushahidi uliomtaja ndugu wa huyo mume. Akakataa. Mume akamfuata mpaka kazini, akamzaba kofi pale pale kwenye varanda ya mahakama, watu wamekaa wanasubiri kesi zao. Karatasi zote zikamwagika.

SAUTI YA MWANAMUME: Watu wakafanya nini?

MWANAMKE: Wakacheka. Makarani, askari wa mlangoni, mama mmoja mwenye kuku wawili. Varanda nzima. Yeye akainama, akaokota karatasi moja moja, akazipanga kwa namba, akarudi ndani kupiga chapa mpaka saa kumi. Hakulia.

MWANAMUME: Aa, hapo panalala. Nani atakaa aangalie mtu anapiga chapa? Mtie makofi matatu. Akanyage karatasi ateleze, aanguke makalio. Halafu ampigie mumewe magoti.

(Kalamu inakwaruza karatasi.)

MWANAMKE: Apige magoti?

MWANAMUME: Unataka kuongoza au hutaki?

MWANAMKE: Sawa. Apige magoti.

MWANAMUME: Ni mtu wa kweli huyo?

MWANAMKE: Mama yangu mdogo.

MWANAMUME: Hatatuletea maneno?

MWANAMKE: Yule? Hana hata video. Yule sinema yake ni redio.

(Sauti mbili zinacheka. Anayeanza ni mwanamke.)

(Kiti kinavutwa. Kaseti inaisha.)

Hayo ndiyo yaliyomo. Kaseti nimeirudisha ndani ya bahasha.

Mama yako Mdogo


21 Mei 1996

Mama Mdogo,

Shikamoo. Sijui kama utaipokea.

Nimeandika barua hii mara saba. Kwanza nilitaka kukuambia kwamba nilikuwa namrekodi yule mzee kwa sababu kila siku anageuza maneno yake, nikasahau kaseti ni ipi. Ni kweli, lakini si jibu. Halafu nilitaka kukuambia kwamba sikukutaja jina. Ni kweli pia, na nikaona aibu kuiandika.

Nimejichukia. Nimesoma zile kurasa nne nikiwa nimesimama kwenye foleni ya posta, na nilipofika kwenye "anayeanza ni mwanamke" nikatoka foleni, nikaenda kukaa kwenye ngazi za nje. Mtu akaniuliza kama naumwa. Nilijisikia kama ile wigi iliyolowa.

Niliahidi, nikavunja. Nilikuwa na kisa kimoja tu cha kweli maishani mwangu, na hakikuwa changu. Miaka kumi na mmoja, Mama Mdogo. Kibao, chai, vidole vyangu kukanyagwa. Kila nikiandika kofi nilikuwa naona lile lako, na kila mara nililiandika vibaya kusudi lisifanane. Nikajiambia walau safari hii nitaliandika vizuri. Basi angalia nilivyoliandika.

Kile kicheko kilikuwa cha woga. Ukikaa mbele ya yule mzee unacheka ili utoke chumbani. Niamini hapo.

Nitamwambia tuondoe mahakama. Awe mpishi kweli, kama nilivyokudanganya. Au nitafute namna. Tunaanza kupiga picha mwezi wa saba. Niambie unataka nifanye nini nami nitafanya.

Nisamehe.

Chiriku


10 Juni 1996

Chiriku,

Marahaba. Napokea barua zote. Kaka yako amepona. Wifi yako ana mimba, ila hajasema, kwa hiyo nawe usiseme. Babu hajambo.

Sasa nisikilize, maana sitaandika mara mbili.

Umeniudhi na umenitia kinyaa. Naandika yote mawili ili usichague moja. Nimekulea tangu dada yangu alipotuachia wewe na kaka yako, nimekufundisha kusoma kwa nakala mbovu za hukumu, nimekaa na spika sikioni nikiandika upuuzi wa daktari wa uongo kwa sababu ulikuwa upuuzi wako. Nawe umenipeleka kwa mtu anayenusa kifuniko cha kalamu, ukaniuza nikiwa nimepiga magoti. Sijawahi kumpigia yule mume wangu magoti. Alikufa mimi nikimlisha uji kwa kijiko, na hata siku hiyo nilikaa kwenye kiti.

Unasema kicheko kilikuwa cha woga. Huenda. Nilikisikiliza mara sita kabla sijairudisha kaseti. Kaseti inarudishwa nyuma, Chiriku, maisha hayarudishwi, ndiyo maana nilikaa nacho. Kisha nikakitambua. Nimewahi kukisikia.

Umemtajia yule mtu makarani, askari, mama mwenye kuku. Kumbukumbu yako ni nzuri, hata kuku umewapata ni wawili. Ila kuna mtu hukumtaja. Karibu na nguzo ya tatu alikuwepo mtoto wa miaka minane, sare ya shule, mkoba mgongoni. Varanda ilikuwa kimya kofi lile lilipolia. Kimya kabisa, watu walishika midomo. Kicheko cha kwanza kilitoka kwenye nguzo ya tatu. Wengine walifuata.

Miaka ishirini na miwili sijakuuliza. Nilijiambia mtoto hucheka akiogopa. Nilikuosha miguu jioni ile, nikakupa chakula, nikakuahidisha usimwambie mtu, nawe ukaahidi haraka mno. Nilidhani ahadi ile ilikuwa ya kunisitiri mimi.

Mimi nilipigwa kwa kukataa kutoa ukurasa mmoja kwenye faili. Wewe umeutoa, tena uliokuwa na wewe ndani.

Umeniuliza unifanyie nini. Filamu yako ifanye au usiifanye, ahadi umekwisha kuivunja, sina nyingine ya kukuomba. Ninachotaka ni jibu. Ulicheka kwa nini? Usiniandikie kuhusu mzee wako, wala posta, wala miaka kumi na mmoja. Jibu hilo tu. Mpaka nilipate, kaseti usilete.

Mama yako Mdogo


28 Julai 1996

Mama Mdogo,

Shikamoo. Mpe Babu na Kaka salamu zangu. Hongera za wifi nimezimeza, sijui lolote.

Nimechelewa kwa sababu jibu nilikuwa nalo na sikulitaka. Nitakueleza lilivyotoka, kwa mpangilio, usije ukasema nimeruka ukurasa.

Nilipopata barua yako nilimwingiza yule mtoto kwenye skripti. Nguzo ya tatu, sare, mkoba, kicheko cha kwanza. Nilidhani Mzee Makofi atakataa na hapo nitapata sababu ya kugombana naye. Wapi! Alipiga makofi ya furaha. "Mtoto akicheka, wanunuzi watacheka," akasema, akachora mistari yake pembeni. Nilimshukuru.

Tulikodi shule iliyokuwa likizoni, ina varanda ndefu yenye nguzo. Kwa siku moja tu. Kwa mara ya kwanza maishani nilisema "haya, tuanze" na watu ishirini wakanyamaza. Nisikufiche, ilikuwa tamu. Dada aliyekuigiza wewe ni hodari, alikaa na karatasi zake kifuani kama unavyozishika. Niliamuru kofi moja tu, magoti hakuna, nikajiambia mzee akija tutajuana. Kofi likapigwa. Karatasi zikamwagika. Kamera ikageukia nguzo ya tatu.

Mtoto hakucheka. Alikuwa binti wa mama anayewapaka waigizaji poda, miaka minane kamili, meno mawili ya mbele hana. Tukarudia. Hakucheka. Mara ya tano nikapiga goti mbele yake, nikamwambia, "Cheka mama, ni mchezo tu." Akaniuliza, "Nicheke nini? Si amepigwa?"

Nikamwambia hebu niangalie mimi. Nikasimama pale kwenye nguzo, nikamwambia yule dada apigwe tena, nimwonyeshe mtoto kinavyotoka. Akapigwa. Nami nikacheka.

Mama Mdogo, sikukitafuta. Kilikuwepo. Kilitoka chenyewe, chepesi, kile kile, na kundi zima nyuma ya kamera likapasuka kucheka likinifuata. Yule mtoto hakucheka. Alirudi nyuma hatua moja akaniangalia kama mtu anayeangalia kitu kilichokufa njiani. Kisha akaenda kumshika mama yake mkono.

Hili ndilo jibu. Sikucheka kwa woga. Siku ile Baba Mdogo alinipitia shuleni. Alininunulia biskuti, pakiti nzima, akaniambia, "Twende ukaone namna ninavyomtia adabu mama yako mdogo." Nilijua tunakwenda kufanya nini. Nilikwenda nikila. Asubuhi yake ulikuwa umenigomba kwa kuchezea taipureta yako, ukaniita mharibifu mbele ya Kaka, na njia nzima nilikuwa nawaza sasa utaona. Kofi lilipolia nilifurahi. Nilicheka kwa kuwa ilinifurahisha. Halafu wale watu wazima wote, wenye kesi zao na shida zao, wakacheka kwa sababu yangu, na Baba Mdogo akanitazama, akatabasamu. Nilijiona mkubwa. Nilikuwa nimewachekesha watu varanda nzima. Tangu siku ile sijafanya kazi nyingine.

Uliponiosha miguu jioni nilikuwa bado nina biskuti mbili mfukoni. Nililala nazo.

Sehemu iliyobaki ni fupi. Niliwaambia tumemaliza. Mpiga picha akasema hatujapata hata kipande kimoja, nikasema ndiyo, hatujapata. Nikamwomba mkanda wa asubuhi ile, nikauchomoa kwenye kaseti yake kwa mkono wangu mbele yake, futi kwa futi, naye akaniachia maana alidhani nimepata wazimu. Nakala tatu za skripti ninazo mimi. Mzee Makofi alikuja anatema mate. Akaniuliza nani ameniroga. Akasema nisikanyage tena ghala lake, na kwamba atawaambia watayarishaji wote, na amewaambia, kwa sababu wawili wamekwisha kugeuza uso waliponiona. Filamu wameifanya bila mimi, sebuleni kwake, mpishi na tajiri wake, makofi kumi na matano. Nimeiona dukani. Hamna mahakama ndani yake, hamna karatasi, hamna wewe.

Sina kazi, sina filamu. Sikuombi msamaha katika barua hii, maana ile nyingine niliuomba kwa uongo.

Chiriku


11 Agosti 1996

Chiriku,

Marahaba. Wifi yako amesema mwenyewe, sasa unaruhusiwa kujua. Kaka yako ameanza kitanda cha mtoto na amekitengenezea nje ya karakana. Babu hajambo, mguu unamsumbua.

Barua yako nilipoisoma mara ya kwanza niliiweka chini nikaenda kuteka maji ambayo hatukuyahitaji. Kicheko nilikijua. Biskuti sikuzijua. Nimepigwa kofi mara moja, nikadhani najua ukubwa wake, kumbe kulikuwa na kipande kingine kimekaa mfukoni mwa mtoto niliyekuwa namwosha miguu. Kimenichukiza kuliko kofi lenyewe. Nimekaa nacho siku tatu na bado kinanichukiza leo ninavyoandika.

Nimeisoma mara ya pili kama mpiga chapa. Hakuna ulichotoa.

Siwezi kukuandikia kwamba nimekusamehe, kwa sababu sijakusamehe, na uongo kati yetu umetosha. Nimetandika kitanda chako. Njoo na basi la asubuhi. Utakaa mezani mbele yangu, utayasema haya kwa mdomo, ukiniangalia usoni, kuanzia biskuti. Nami nitakasirika. Nitasema maneno ambayo sijayasema tangu mwaka ule, majirani watasikia, na Babu yako atajifanya kiziwi. Halafu utakula, utalala, na asubuhi utaamka ukiwa bado mwanangu, maana hilo halina mahali pa kulifuta, nimetafuta.

Sitakuja kukupokea stendi. Nitakuwa nimekasirika.

Mama yako Mdogo